Silabi Niliyoikata Holiwudi

Mashine haikula kitu. Nilikata mimi.

Ninaliandika hilo mwanzoni kabisa nisije nikajizungusha, maana kwa miaka kumi na minne nimejizungusha kwa ustadi ambao kama ningeutumia kwenye kazi ningekuwa maarufu. Mlipokuja kuniaga, nyie vijana mnaoediti leo kwa kidole gumba kwenye simu, mliniletea soda na keki yenye jina langu lililokosewa herufi moja, mkaniomba niwaandikie mambo ya kazini. Nadhani mlitaka mbinu. Mbinu zipo humu, lakini zimekaa upande wa aibu, kwa hiyo mtazichota hukohuko.

Holiwudi ilikuwa chumba kimoja Makanyagio, hapa Mpanda, katikati ya kinyozi na duka la mbolea. Mwenye studio, Fundi Sospeter, Mfipa mrefu, mpole, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, alimtajia mchora mabango neno alilokuwa amelisikia kwa watu, na mchora mabango akaliandika kama alivyolisikia yeye: HOLIWUDI VIDEO. Ndiyo maana naweza kusema bila kudanganya kwamba nimefanya uhariri wa filamu Holiwudi kwa miaka ishirini na sita. Niliwahi kulisema kwenye usaili mmoja Dar es Salaam. Hawakunipigia tena.

Niliingia pale nikiwa na shahada ya fasihi na tasnifu ya kurasa tisini kuhusu ukimya katika tamthilia. Nilikuwa nasubiri ajira ya ualimu, na Fundi alikuwa anatafuta mtu wa kuandika majina ya maharusi kwenye skrini bila kuyaharibu. Wateja watatu mfululizo walikuwa wamerudisha kanda kwa sababu ya herufi. Akanipa jina la bibi harusi wa Ilembo niliandike, akalitazama kwa miwani, kisha bila miwani, akasema nianze kesho.

Siku ya kwanza nilikuta deki mbili za kanda na televisheni moja yenye rangi ya kijani kila mahali, hata kwenye nyuso za watu. Deki moja inacheza, nyingine inarekodi. Kuediti kulikuwa ni kukaa katikati yake na kidole kwenye kitufe cha pozi, kile cha kusimamisha kanda, kama mtu anayesubiri kuua mbu. Tatizo ni kwamba ile inayorekodi ilikuwa nzito kuamka. Ukiachia kitufe, ilipoteza kama nusu sekunde kabla kanda haijashika, na kilichosemwa ndani ya hiyo nusu sekunde hakikuonekana tena. Padri akisema, "Je, mko tayari?" kwenye kanda anasema, "Mko tayari," kama anayewaamrisha.

"Mashine inakula," Fundi aliniambia. "Kwa hiyo uilishe. Rudi nyuma kabla ya neno, uipe upepo iule, neno libaki."

"Nirudi kiasi gani?"

"Pumzi moja. Ya mtu, si ya ng'ombe."

Hiyo ndiyo mbinu ya kwanza, na kwa kweli ndiyo ya mwisho pia. Achia pumzi kabla ya neno.

Mji mzima ulijifunza msemo huo. Shangazi hajaonekana kwenye video ya harusi, mashine imekula. Hotuba ya mjomba imeishia katikati, mashine imekula. Wateja walikubali kwa sababu mara nyingi ilikuwa kweli, na pale ambapo haikuwa kweli, ilikuwa heshima. Kesi ngumu kuliko zote za miaka ile ilikuwa harusi ya Ilembo, ambapo bwana harusi na msimamizi wake walikosana kabla sijamaliza kuediti. Bwana harusi akaja na agizo moja: yule mtu asionekane. Bahati mbaya msimamizi alikuwa amesimama kati ya bwana harusi na kila kitu, pamoja na keki. Nikatoa video ya dakika arobaini yenye viatu, sahani, maua na mkono mmoja wa bibi harusi. Walisema ni ya kisanii. Nilipata wateja wengine wawili waliotaka ya viatu.

Kisha ikaja kompyuta. Ilikuja na treni kutoka Tabora, imefungwa blanketi, Fundi ameipakata njia nzima kama mgonjwa. Mimi ndiye niliyesoma kitabu chake cha maelekezo, maana ndiye niliyekuwa na shahada. Kompyuta haili. Sauti unaiona kwenye skrini imechorwa kama milima, unakata palepale unapotaka, na kilichoondoka umekiondoa wewe. Fundi hakuipenda mara moja. Alisema inamfanya mtu ahisi ni mjanja.

Alikuwa sahihi. Nikawa mjanja. Nikaanza kusafisha watu. "Eee" zao, vikohozi, kigugumizi, kuvuta pua, vyote nikavitoa. Kulikuwa na diwani aliyesema "kimsingi" kila baada ya maneno matatu. Nilimsafisha mpaka akasikika kama mtu aliyefikiri. Alichaguliwa tena, na hilo nalo sijawahi kuliombea radhi. Watu wakaniita Madam Sabuni, nami nikavimba kichwa. Ukinipa mtu mwenye kigugumizi, nakurudishia mtangazaji wa redio.

Katika ujanja huo ndipo ilipoingia kazi ya kijijini Kakese.

Shirika moja lilikuwa linarekodi simulizi za familia zilizokimbia kutoka Burundi zamani, ambazo wakati ule zilikuwa zinapewa uraia. Walitaka filamu ya dakika kumi na mbili, wazee wenyewe wakisimulia kwa lugha wanayotaka, ionyeshwe kwanza kwao. Fundi alishika kamera, mimi nikakaa pembeni na maiki na spika za masikioni. Mzee wa tatu tuliyemrekodi alikuwa mama mmoja mkulima wa Kakese, Mama Ancila, mwembamba, mwenye utani mkavu. Alizungumza Kiswahili vizuri, lakini alitutangazia mapema kwamba kuna sehemu moja ataisema kwa Kirundi.

"La mtoto nitalisema kwa kwetu," alisema. "Siyo la kwenu. Ni la dada yangu."

Akatueleza kwa kifupi. Walipokimbia, yeye alikuwa msichana wa miaka kumi na minne. Dada yake mkubwa, Domina, alikuwa ametangulia na mumewe na mtoto mchanga, akamwachia ambebee mwanawe wa kwanza, Karoli, wa miaka miwili. Ancila alifika peke yake. Alisema mtoto amefariki kwa homa. Lakini mtu mmoja aliyepita njia ileile akasema alimwona yule binti anakimbia mikono mitupu, na Domina akamwamini yule mtu. Tangu siku hiyo Domina aliishi Katumba na Ancila Kakese, na hawakula chungu kimoja.

"Hukujaribu kumweleza?" nilimuuliza.

"Nikianza, anainuka anaondoka. Lakini nimemtumia ujumbe aje kuangalia video, amekubali." Akaitazama kamera ya Fundi kama anayepima mbuzi. "Video haikatizwi."

Akaongea dakika tisa.

Nilikuwa na nafasi ya dakika mbili. Shirika lilinipa karatasi za tafsiri, kurasa mbili kwa kila mzee, na ukurasa wa pili wa Mama Ancila ulikuwa chini ya kikombe changu cha chai. Sikuusoma. Nilijua anasimulia mtoto na njia, na mimi nilikuwa naediti kwa sikio, siku hizo nilijisifia hivyo. Kwenye skrini nikaona mlima mdogo, kisha pengo refu analojizuia kulia, kisha sentensi safi, yenye nguvu, ya kuishia nayo. Ule mlima mdogo niliusikiliza mara moja. Nikasikia pua. Nikaukata pamoja na pengo lake.

Sentensi ilikuwa hii: *Sinamusize mu nzira.* Sikumwacha njiani. Lakini sauti ilimkatika baada ya silabi ya kwanza, kwa hiyo kwenye kanda ilikuwa "Si," kisha kimya, kisha "namusize mu nzira." Nilichokiacha kinasema: nilimwacha njiani.

Kiswahili nacho hukataa kwa "si". Nilikuwa na shahada ya lugha, na kurasa tisini kuhusu ukimya.

Dakika nne zilizofuata baada ya sentensi hiyo nilizitupa pia, maana upepo ulikuwa umepiga maiki.

Tulionyesha filamu kwenye darasa la shule, mchana, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Mama Ancila alikaa mbele na kitenge kipya. Domina alikuja. Alikaa benchi la mwisho karibu na mlango, mwanamke mpana mwenye fimbo, na watu walikuwa wanageuka kumwangalia kama yeye ndiye filamu. Wazee wawili wa kwanza walipita, watu wakacheka mahali pa kucheka. Akatokea Ancila kwenye skrini. Alisimulia safari. Kisha akasema sentensi yangu safi.

Darasa zima lilisema "ee" kwa chini. Nikasikia benchi la nyuma likikwaruza sakafu, na mwanga wa mlango ukaingia na kutoka.

Ancila alisimama. Hakumkimbilia dada yake. Magoti yake hayakuwa ya kukimbia. Alinigeukia mimi.

"Mwanangu, nilisema si."

"Samahani, mama. Mashine imekula."

"Imekula?"

"Ndiyo. Hizi mashine huwa zinakula mwanzo wa maneno."

"Ilikuwa na maneno mengi ya kuchagua," alisema, "ikachagua hilo."

Niliporudi studio niliuinua ukurasa ule wa pili. Ulikuwa na duara la chai, na katikati ya duara, kwa mwandiko wa mtafsiri: Sikumwacha njiani. Kwa hiyo tangu jioni ile nilijua. Naomba mlielewe hili vizuri, maana watu wakisimulia makosa ya kazi hupenda kusema walikuja kugundua baadaye.

Wiki iliyofuata alikuja Laurenti, mtoto wa Ancila, kijana wa miaka ishirini na kitu wakati huo, amevaa shati la kanisani siku ya kazi.

"Madam, naomba ile kanda yenyewe. Ile kabla ya kompyuta. Nimpelekee mama mkubwa asikilize."

Ilikuwa kwenye droo, sentimita thelathini kutoka kwenye goti langu.

"Tumesharekodia harusi juu yake," nilimwambia. "Pole sana."

Kwa nini? Nimejiuliza kwa miaka, na majibu niliyonayo ni madogo mno. Shirika lilikuwa limeahidi filamu nyingine nne. Fundi alikuwa anazeeka na ananiachia studio. Na nilikuwa Madam Sabuni, mtu ambaye haachi doa. Kama ningempa kanda, angesikia yeyote mwenye masikio kwamba mashine haikuwa na hatia.

Fundi alikuwa anasafisha lenzi kwa kona ya shati. Laurenti alipoondoka aliuliza bila kuinua kichwa, "Kompyuta siku hizi zinakula?"

"Hii ilikula."

"Na kanda hatuna?"

"Hatuna."

"Haya." Akaendelea na lenzi. Hakuniuliza tena mpaka alipofariki. Ila tangu siku hiyo, kila kanda iliyoingia studio aliiandika lebo yeye mwenyewe, kwa herufi kubwa, na kuipanga kwenye rafu ambapo kila mtu anaona. Alikuwa mwalimu wa namna hiyo.

Miaka ikapita, na ilikuwa mizuri kwa kazi. Tulitoa filamu za mapenzi zilizopigwa Mpanda hotelini na kuishia hukohuko. Nilijifunza programu mpya mara tano na kuisahau kila iliyotangulia. Lakini kila Jumamosi Mama Ancila alipita mbele ya studio akienda sokoni na kapu la maharage, akasimama mlangoni.

"Mashine imeshiba?" aliuliza.

"Imeshiba, mama."

"Haya, isije ikavimbiwa."

Akaendelea. Mwanzoni nilidhani ananichokoza, baadaye nikadhani amenizoea. Siku hizi nafikiri alikuwa ananipa nafasi, kila Jumamosi, na mimi kila Jumamosi nilijibu kwamba imeshiba. Kuna Jumamosi nilimwona anakuja tangu kwenye duka la mbolea, nikaingia ndani kujifanya natafuta waya.

Mwaka huu, Jumamosi tatu mfululizo hakupita. Ya nne alikuja Laurenti, sasa mtu mzima wa kitambi kidogo, na simu yenye picha za mazishi. Mama yake alikuwa amezikwa Kakese. Familia ilitaka video ya kumbukumbu, na yeye alisema hamjui mtu mwingine anayefanya kazi safi.

Niliichukua. Nilikaa nayo siku nne, na kwa mara ya kwanza katika kazi hii sikuwa naangalia picha zilizopo. Nilikuwa namtafuta Domina. Nilipekua kila uso: kwenye mstari wa kuaga, chini ya turubai, nyuma ya wapishi, kwenye vioo vya gari. Mhariri huzoea kukosa picha anayoihitaji. Huazima nyingine, hufunika pengo kwa maua. Pengo hili halikufunikika. Dada hakuja.

Nikamaliza kazi, nikamwita Laurenti. Kanda niliiweka mezani kabla hajakaa.

"Hii ni nini?"

"Ni ile ya mama. Sikurekodia harusi."

Aliisoma lebo, ambayo ilikuwa mwandiko wangu wa zamani, wenye madaha. "Kwa hiyo ilikuwepo."

"Ilikuwepo."

"Na mashine?"

"Mashine haikula, Laurenti. Nilikata mimi. Na nilijua siku ileile."

Hakupandisha sauti. Ningefurahi kama angepandisha. Alisema tu, "Madam, mama alikuwa anapita hapa," na akaangalia mlango, kisha akafuta uso kwa kiganja kutoka juu hadi chini kama anayefuta jasho.

"Nitakwenda Katumba mimi mwenyewe," nilisema. "Nimweleze mama mkubwa wako."

"Hatakufungulia." Akatoa simu. "Namba ngeni hapokei, nitampigia mimi. Ila utaongea wewe. Sasa hivi."

Akaweka spika ya nje, akailaza simu mezani.

"Mama mkubwa, shikamoo."

"Marahaba. Kuna nini? Nani tena?"

"Hakuna msiba. Niko Makanyagio, kwa yule mama wa video. Anataka kusema na wewe."

Nikasema shikamoo. Hakuitikia.

"Mama," nilisema, "ile video ya Kakese, niliiharibu. Mama Ancila alisema si. Alisema hakumwacha. Lile neno nililikata mimi."

"Mlisema ni mashine."

"Nilisema mimi. Nilidanganya. Sauti yake yote ninayo hapa."

Hakukata simu. Nikaiwasha kanda. Ikatoka ile "Si," kisha pengo, sekunde zote sita ambazo niliziona ndefu mno, kisha sentensi. Nikaacha kanda iendelee kwenye dakika nne za upepo. Siku hizi naelewa Kirundi kidogo, na yaliyonipita Laurenti alininong'oneza. Homa ilimshika Karoli siku ya pili. Alikufa alfajiri, kando ya kijito. Ancila alichimba kwa kipande cha sufuria mpaka kucha zikatoka. Alimfunga mtoto ndani ya kitenge cha mama yake, akaweka mawe matatu. Kisha akakimbia, kwa sababu alisikia watu.

Kanda ilipoisha tulisikia upande wa pili mtu anapumua.

"Kitenge changu," Domina alisema. "Nilimuuliza kilipo. Hakunijibu, nikampiga. Alikuwa na vidonda kwenye vidole. Nilidhani ni kuanguka."

Laurenti alitaka kusema kitu, nikamzuia kwa mkono. Hilo angalau nimejifunza.

"Wewe," Domina alisema, na nikajua ni mimi. "Video ya mazishi yake umetengeneza wewe?"

"Ndiyo, mama."

"Mimi sikwenda."

"Najua. Nilikutafuta."

"Huyu Laurenti nimemuuliza, anasema yote yalikwenda vizuri." Laurenti aliinama. "Wanaume husema hivyo. Wewe umeangalia. Niambie walimvika nini, nani alimwosha, kaburi limeelekea wapi. Na usinifupishie."

Nikavuta kiti karibu na simu. Nikaanzia asubuhi, kwa wanawake waliokuwa wanachota maji.